Maswali na Majibu: Vita vya Pili vya Dunia Vilivyoingia Jikoni Mombasa

Tulipowaomba wasomaji watuandikie kuhusu maisha ya nyumbani katika miaka ya 1939 hadi 1945, tulitarajia kuulizwa habari za manowari na majenerali. Barua zilizotufikia karibu zote zinauliza habari za wali, leso, mafuta ya taa na mume ambaye hakurudi, na nyingi zimeandikwa na vijana wanaoishi na nyanya zao na wanaosikia maneno ambayo hawajui yametoka wapi. Tumechagua barua tano. Baadhi ya majibu ni marefu kwa sababu jambo lenyewe ni refu.

Mwaka wa mchele kukatika

*Assalaam aleykum. Nyanya yangu ametimiza miaka 96 na bado ana akili zake zote. Hakuna kinachomkasirisha kama kumwona mtoto akiacha punje za wali kwenye sinia. Husema, "Nyinyi hamkuuona mwaka wa mchele kukatika," kisha hunyamaza. Shuleni sikufundishwa kwamba Mombasa ilipiganiwa katika vita vile. Kwa nini basi mchele ukatike? — Msomaji, Majengo*

Waleykum salaam. Nyanya yako anasema kweli, na mwaka anaoutaja bila shaka ni 1942 au ule uliofuata. Ili kulielewa neno lake, yafaa tujue kwanza wali wa Mombasa ulikuwa ukitoka wapi. Mpunga ulilimwa pwani, hasa kwenye mabonde ya mto Tana na upande wa Vanga, lakini mavuno hayo hayakuweza kuulisha mji. Mchele mwingi wa madukani uliletwa na meli kutoka ng'ambo ya Bahari ya Hindi, na kabla ya vita hakuna nchi duniani iliyouza mchele mwingi nje kuliko Burma, ambayo askari wetu waliiita Bama. Wajapani waliuteka mji wa Rangoon, bandari kuu ya mchele huo, mwezi wa Machi 1942. Bara Hindi nayo ilikuwa ikila mchele wa Burma, kwa hivyo ilipoukosa haikuwa na ziada ya kuuza, na mwaka 1943 jimbo la Bengal likapatwa na njaa iliyoua watu kwa mamilioni. Mji uliotegemea meli kwa chakula chake cha heshima ulijikuta ukingojea meli ambazo ama hazina mchele, ama zimechukuliwa na jeshi, ama zimezamishwa njiani.

Ungeweza kuuliza kwa nini watu hawakula sima wakanyamaza. Walikula, lakini unga wa mahindi nao ulikuwa na mashaka yake. Mvua za mwisho wa 1942 zilikuwa haba, jeshi lilikuwa likinunua mahindi mengi kwa ajili ya askari, wafungwa wa kivita na vibarua, na serikali ya kikoloni ilikuwa imeanzisha mwaka huo huo mpango wa kuyadhibiti mahindi yote ya nchi, ambao ulimhakikishia mlowezi bei nzuri kuliko ile aliyolipwa mkulima Mwafrika. Matokeo yake yalikuwa upungufu mkubwa wa chakula mwaka 1943, hata ikabidi iundwe tume ya kuuchunguza. Wakikuyu waliupa msimu ule jina la njaa ya muhogo, kwa kuwa muhogo ndio uliowavusha. Huku pwani muhogo haukuwa mgeni, na hilo liliwasaidia wengi.

Sasa weka juu ya hayo idadi ya vinywa. Baada ya ndege za Wajapani kuushambulia mji wa Colombo, kisiwani Ceylon (Sri Lanka ya leo), tarehe 5 Aprili 1942, na Trincomalee siku nne baadaye, kundi la manowari la Waingereza la Bahari ya Hindi lilihamishiwa bandari ya Kilindini. Katika muda wa wiki chache mji wetu ukawa makao ya maelfu ya mabaharia, mbali na askari waliokuwa wakipita kwenda Madagaska na vibarua waliomiminika kutoka bara kwa ajili ya kazi za bandari. Wote hao walikula. Jeshi lilikuwa na fedha na amri, na mama wa Majengo alikuwa na kikapu na foleni.

Nyanya yako hakuhesabu kwa kilo. Nafaka ilipimwa kwa kibaba na pishi, na pishi moja ni vibaba vinne, kama ratili sita hivi. Mwombe akuonyeshe kwa mikono kibaba kilikuwa na ukubwa gani, kwa maana aliyezoea kupika pishi nzima kwa watu wa nyumba yake na akalazimika kugawa vibaba hukumbuka kipimo kile kwa viganja kuliko kwa tarakimu. Muulize pia walichanganya wali na nini, kwani Mswahili hakosi la kufanya mbele ya chungu: choroko, mtama, na muhogo wa nazi kwa samaki ng'onda ni vyakula ambavyo hata leo wazee huvila kwa hisia ambayo sisi hatuielewi. Ramadhani ya 1942 iliandama katikati ya Septemba. Nadhani futari haikuumia sana, kwa sababu viazi vitamu, muhogo, magimbi na ndizi mbichi vilitoka mashamba ya karibu na nazi zilikuwapo. Daku ndiyo iliyopata pigo, kwa kuwa mtu wa Mombasa wa zama zile aliyekula daku bila wali alihisi hakula.

Kuna jambo moja zaidi ambalo huenda ndilo linalomnyamazisha nyanya yako. Mgao wa chakula wakati wa vita haukuhesabu vichwa peke yake. Ulitazama pia mtu ameandikwa kabila gani. Kisiwani Unguja, ambako mambo haya yamechunguzwa sana, walioandikwa Waarabu au Wahindi walipewa mchele kwa kiasi ambacho walioandikwa Waafrika hawakukipata, na watu waliokaa mtaa mmoja, wakaoleana na kuswali msikiti mmoja, wakajikuta wametenganishwa na karatasi ya duka. Wengi waliomba majina ya makabila yao yaandikwe upya ili watoto wao wale wali. Mimi naona jeraha hilo lilikuwa kubwa kuliko njaa yenyewe, kwa sababu tumbo hushiba mvua ikinyesha, lakini neno lililoandikwa juu ya mtu hubaki. Punje inayoachwa kwenye sinia inamkumbusha nyanya yako yote hayo kwa pamoja. Msimwache anyamaze, kaeni naye na kumuuliza polepole.

Giza na mabomu

*Babu alikuwa akisimulia kwamba walilala gizani kwa amri ya serikali, na kwamba ndege za Wataliani zilikuwa zikitazamiwa kila usiku. Je, kuna bomu lolote lililoanguka Mombasa? Na ni kweli shule zilichukuliwa na jeshi? — Msomaji, Kisauni*

Mombasa haikupigwa bomu, lakini hofu ya babu yako ilikuwa na msingi. Italia iliingia vitani tarehe 10 Juni 1940, na wakati huo ilikuwa ikitawala Uhabeshi na Somalia ya kusini, kwa hivyo adui alikuwa mpakani. Wajir ilipigwa mabomu tangu siku za mwanzo, Moyale ikatekwa mwezi wa Julai, na kabla ya mwaka kwisha ndege za Wataliani ziliudondoshea mabomu mji wa Malindi. Mtu wa Kisauni aliyesikia kwamba Malindi imepigwa hakuhitaji kuelezwa kuwa ndege iliyofika kule yaweza kufika Kilindini, penye meli na matangi ya mafuta.

Taa zilifichwa kwa sababu hiyo. Katika nyumba nyingi taa yenyewe ilikuwa koroboi au kandili, na mafuta ya taa yalikuwa adimu, hivyo giza la amri na giza la ufukara yalikutana katika chumba kimoja. Hofu ya Wataliani ilipungua mwaka 1941, majeshi yaliyotoka Kenya yalipoingia Mogadishu mwezi wa Februari na Addis Ababa mwezi wa Aprili. Mwaka uliofuata hofu ikarudi kwa njia ya bahari. Nyambizi za Kijapani zilifika hadi mlango wa bahari wa Msumbiji na kuzamisha meli nyingi katika Juni na Julai 1942.

Kuhusu shule, ni kweli. Jengo la shule ya Allidina Visram, linalotazama bahari, lilichukuliwa na wataalamu wa jeshi la wanamaji waliokuja na manowari kutoka Colombo. Kazi yao ilikuwa kusikiliza mawasiliano ya redio ya Wajapani na kuyafumbua, na humo humo mwishoni mwa 1942 waliifumbua lugha ya siri iliyotumiwa na meli za mizigo za Japani. Watu wa mji hawakuambiwa lolote. Walichokiona ni wasichana wa Kizungu waliovaa sare wakiingia na kutoka usiku na mchana, na wanafunzi waliopoteza madarasa yao.

Bafta ndani ya sanduku

*Mama yake nyanya alipofariki tulikuta ndani ya sanduku lake kipande cha bafta nyeupe kilichokunjwa vizuri na kufungwa kwa uzi. Nyanya alisema kiliwekwa "tangu vita vya Hitler" na kwamba kilikatazwa kuguswa. Hakuna aliyejua zaidi. Mnaweza kutueleza? — Msomaji, Kibokoni*

Siwezi kujua alichokusudia mama yake nyanya, Mwenyezi Mungu amrehemu, lakini naweza kueleza hali ya nguo ilivyokuwa, na nadhani maelezo hayo yatakusogeza karibu na jibu.

Katika miaka ya 1930 nguo za pamba zilizouzwa Afrika Mashariki kwa bei ya kumfaa mnyonge zilitoka sana Japani. Viwanda vya Japani vilikuwa vimewashinda Waingereza na Waholanzi kwa bei, na maduka yetu yalijaa bidhaa zao. Japani ilipoingia vitani Desemba 1941, mlango huo ulifungwa kabisa. Uingereza nayo ilikuwa imezielekeza mashine zake kwenye sare, mahema na miavuli ya askari wa angani, na hata nguo iliyofumwa Bara Hindi ilihitaji nafasi melini, nafasi ambayo risasi na chakula cha jeshi vilikuwa vimeitangulia. Leso, kaniki, marekani na bafta zote zikawa haba kwa pamoja. Bei zilipangwa na serikali, lakini bei iliyopangwa kwa kitu ambacho hakipo dukani haimsaidii mnunuzi, na walanguzi waliuza nyuma ya mlango walichokataa kuuza mbele.

Zingatia sasa nguo ilikuwa na kazi gani katika maisha ya mwanamke wa Mji wa Kale. Leso ni vazi la nyumbani, ni mbeleko ya mtoto, ni zawadi ya arusi, na ni ujumbe, kwa kuwa jina la leso husema lile ambalo mdomo hauwezi kulisema mbele ya wifi au jirani. Mwaka ambao meli hazileti leso mpya ni mwaka ambao bibi arusi anatolewa kwa leso za kuazima, na mwanamke aliyezoea kupokea doti ya sikukuu anashona upya pindo la doti ya mwaka juzi. Haya yote yanavumilika, na wanawake waliyavumilia.

Lililokuwa zito ni sanda. Maiti wa Kiislamu huvikwa nguo nyeupe, na sunna ni vipande vitatu kwa mwanamume na vitano kwa mwanamke, na bafta ndiyo nguo iliyozoeleka kwetu kwa kazi hiyo. Mtu mzima aliye hai aweza kuvaa kikoi chenye viraka akatoka na watu wakamstahi, kwa maana wote wanajua hali ya nchi. Lakini hakuna familia inayotaka kumsitiri mzazi wao kwa nguo pungufu. Kwa sababu hiyo nafikiri mama yake nyanya alinunua ile bafta siku ilipopatikana, huenda kwa kuuza kitu alichokipenda, akaifunga kwa uzi na kukataza isiguswe, ili siku ya haja isije ikamkuta mtu wa nyumba hiyo bila sitara. Vita vilipokwisha hakuifungua. Mtu aliyewahi kuhofia kuzikwa bila sanda hashawishiki upesi kwamba maduka yamejaa tena.

Ushauri wangu ni kwamba msiitumie kwa jambo lolote na msiioshe. Andikeni kwenye karatasi bafta hiyo ilitoka kwa nani na ilikutwa lini, na muiweke karatasi hiyo pamoja nayo.

Pesa za bandarini

*Babu yangu mzaa baba alikuwa kibarua wa Kilindini. Baba husema wakati wa vita "pesa zilikuwa zinaokotwa" kwa sababu ya wingi wa meli, lakini ukoo wetu haukuacha hata kiwanja. Zilikwenda wapi? — Msomaji, Likoni*

Kazi ilikuwapo, hilo si uongo. Meli zilipakuliwa usiku na mchana, na kibarua mwenye nguvu aliyetaka kuitwa kazini aliitwa. Lakini pima mshahara kwa kile unachonunua. Mwishoni mwa Julai na mwanzoni mwa Agosti 1939, yaani mwezi mmoja tu kabla ya vita, wafanyakazi wa Mombasa waligoma, na dai kubwa lilikuwa posho ya nyumba, kwa kuwa kodi ya chumba ilikuwa ikiwala. Walipata nyongeza kidogo. Kisha vita vikaleta wafanyakazi wengine maelfu kwenye kisiwa kilekile, na nyumba za Majengo zenye vyumba sita na ukumbi katikati zikapangishwa chumba kwa chumba, na ndani ya chumba mtu akapangisha mahali pa mkeka. Bei ya unga, nguo na kuni ikapanda mbele ya mshahara, na mishahara iliyoongezwa ilikuwa ikiifuata bei kwa nyuma bila kuifikia.

Usisahau pia pesa zilizotumwa. Kibarua aliyekuwa na wazazi Kwale, Kilifi au bara alikuwa na nyumba mbili za kulisha katika mwaka wa njaa. Mimi naamini babu yako aliacha zaidi ya kiwanja: aliacha watu waliofika 1945 wakiwa hai. Ikiwa unataka ushahidi kwamba vita havikuwatajirisha wafanyakazi, utazame Januari 1947. Tarehe 13 ya mwezi huo wafanyakazi wapatao 15,000 wa bandari, reli, hoteli na majumbani waliweka zana chini, na mji ukasimama kwa siku kumi na mbili. Chege Kibachia aliwaongoza katika chama kilichozaliwa ndani ya mgomo huo, na serikali ikalazimika kuunda baraza la usuluhishi lililokubali kwamba mishahara ilikuwa duni. Watu walioshiba pesa za vita wasingegoma miezi kumi na sita tu baada ya vita kwisha.

Muulize baba yako swali moja: nyanya yako alifanya nini wakati babu yuko bandarini? Simulizi za familia hutaja kibarua na kumsahau aliyepika mbaazi na mahamri kabla ya alfajiri akaviuza kwa vibarua wenzake mumewe. Mara nyingi pesa ya kodi ilitoka kwenye sinia hilo.

Aliyekwenda na asirudi

*Dada mkubwa wa nyanya aliolewa mwaka 1943 na askari wa mizinga. Mumewe alipanda meli Kilindini mwanzoni mwa 1944 na hakuonekana tena. Kwa miaka mingi dada huyo hakukubali kuolewa, akisema hajui kama ni mjane. Alifariki bila kujua kaburi liko wapi. Nyanya yangu, ambaye alikuwa mtoto, bado yuko hai na anataka kujua. Tuanzie wapi? — Msomaji, Changamwe*

Nimeisoma barua yako mara nyingi kuliko zote. Nitaeleza ninachokijua, na uniwie radhi ikiwa maelezo haya yatamliza nyanya.

Mwanzoni mwa Februari 1944 msafara wa meli za askari uliondoka Kilindini kwenda Colombo, ili vikosi vya Afrika Mashariki viendelee hadi Burma. Moja ya meli hizo iliitwa Khedive Ismail. Ilichukua watu zaidi ya 1,500, na kundi kubwa kuliko yote lilikuwa kikosi cha 301 cha mizinga cha Afrika Mashariki, pamoja na mabaharia, wauguzi na wanawake wa jeshi la wanamaji. Alasiri ya tarehe 12 Februari, karibu na visiwa vya Maldivi, nyambizi ya Kijapani I-27 iliipiga meli hiyo kwa topido mbili. Ilizama katika muda usiofika dakika tatu. Watu 1,297 walikufa, na waliookolewa walizidi 200 kwa wachache tu. Nyambizi yenyewe ilizamishwa siku hiyo hiyo na manowari zilizokuwa zikilinda msafara. Askari wa mizinga aliyepanda meli Kilindini mwanzoni mwa 1944 na asionekane tena yawezekana sana alikuwa ndani yake, ingawa jina lake peke yake ndilo litakalothibitisha.

Wakati wa vita habari za meli zilizozama hazikutangazwa, na barua za askari zilisomwa na wakaguzi kabla ya kufika nyumbani. Familia ilijua kwa ukimya: barua zilikoma, kisha baada ya muda ikaja habari rasmi, na pengine habari hiyo ilipotea kwa sababu mke alikuwa amehama au jina liliandikwa vibaya.

Kuhusu dada huyo na neno lake kwamba hajui kama ni mjane, hakuwa akikaidi. Alikuwa akishika sheria kama ilivyo. Katika madhehebu ya Shafii, ambayo ndiyo yetu wa pwani, mke wa mtu aliyepotea hubaki katika ndoa yake hadi ipatikane yakini ya kifo au talaka. Kauli ya zamani ya Imamu Shafii ilimruhusu angoje miaka minne kisha akae eda, lakini kauli ya baadaye ndiyo inayotegemewa. Na jambo hili lina upande mwingine mchungu. Eda ya aliyefiwa ni miezi minne na siku kumi, na huhesabiwa tangu siku ya kifo, si tangu siku ya kupata habari. Ikiwa mumewe alikufa tarehe 12 Februari 1944, eda ilikwisha katika wiki ya tatu ya Juni. Mwanamke aliyepokea barua ya jeshi mwezi wa Agosti alikuwa ametoka edani kabla hajajua kuwa ameingia. Hakupata siku zake za kukaa ndani, za watu kumjia, za kulia kwa mpango. Wengi walioishi hivyo walibaki na msiba usio na mwanzo, na sidhani tuna haki ya kuwalaumu kwa kukataa kuolewa.

Sasa nikuambie pa kuanzia. Askari wa Afrika Mashariki waliokufa wasipate kaburi, wakiwamo wa Khedive Ismail, wameandikwa majina yao kwenye mnara wa kumbukumbu ulio ndani ya makaburi ya vita ya Nairobi, kando ya barabara ya Ngong. Makaburi hayo yanatunzwa na Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola, na daftari lake laweza kutafutwa bure kwenye intaneti kwa jina, kikosi na tarehe ya kifo. Anza kwa tarehe na kikosi, kisha pitia majina moja baada ya jingine, kwa maana makarani wa jeshi waliandika walivyosikia: Khamis akawa Hamisi, Juma akaandikwa kwa jina la baba yake, na wa pwani akaandikwa kwa jina la kijiji. Ukipata namba ya jeshi, iandike mahali pawili.

Kabla ya hayo kaa na nyanya yako. Usimuulize tarehe, kwa sababu alikuwa mtoto na hatazikumbuka. Askari wengi walikuwa wakikatiwa sehemu ya mshahara, nayo ikalipwa kwa familia kwenye afisi ya DC, yaani mkuu wa wilaya. Muulize kama alikuwa akifuatana na dada yake kwenda kuchukua fedha hizo, walipita njia gani, walinunua nini wakirudi, na kama anaikumbuka siku ambayo dada yake alitoka afisini mikono mitupu. Akikumbuka siku hiyo, muulize maembe yalikuwa yameiva au la, kusi ilikuwa imeanza kuvuma au la, na ilikuwa kabla ya Ramadhani, ambayo mwaka 1944 iliandama mwezi wa Agosti, au baada yake. Kwa hayo utapata mwezi, na ukiwa na mwezi na jina la mume utuandikie tena.